Uso wa Kuazima

Mjumbe hauawi, husema Waswahili, na kwa msemo huo shauri humalizwa kabla halijaanza. Aliyebeba barua hana dhambi ya barua. Aliyetumwa kuposa hatukanwi kwa udogo wa mahari. Msemo huo, hata hivyo, hunyamaza pale palipo pagumu. Haumtaji mjumbe aliyeifungua barua akaisoma, kisha akaipeleka huku akijua itamuumiza nani. Wala haumtaji yule aliyeibeba kwa kuwa mji mzima hapakuwa na kazi nyingine ambayo mtu wa sura yake angepewa. Mtu wa namna hiyo alikuwapo. Maisha yake yalimalizikia Ujerumani, lakini barua aliyoibeba ilikuwa imeandikwa kale, katika nchi iliyopitiwa na misafara baina ya pwani na Mpwapwa.

Mpwapwa ya karne ya 19 ilikuwa mahali pa kupumulia. Misafara iliyotoka Bagamoyo na Saadani ilivuka milima ya Usagara, ikafika hapo kutafuta maji, nafaka na mifugo, kisha ikajitia moyo kuikabili nyika kavu ya Marenga Mkali na, mbele yake, nchi ya Wagogo, ambao hawakumwachia mtu apite pasi na hongo. Wamisionari wa Kianglikana walifika mwaka 1876, na miaka miwili baadaye wakaweka makao. Mwaka 1887 kampuni ya Kijerumani nayo ikaweka kituo chake. Mwenye kuuliza kampuni hiyo ilipata wapi haki ya kukaa hapo alijibiwa kwa karatasi: Mpwapwa imo katika Usagara, na Usagara imekwisha tolewa na wenyewe.

Karatasi hizo zilipatikana kwa haraka ya kushangaza. Novemba 1884 Carl Peters, kijana wa miaka 28, alitua Unguja pamoja na wenzake wachache, akina Karl Jühlke na Joachim von Pfeil, wakavuka hadi Saadani, wakapita Uzigua, Nguru, Usagara na Ukami, na kabla mwaka haujaisha Peters alikuwa amerejea pwani na mikataba 12. Kila chifu alisemekana kuitoa nchi yake kwa jumuiya ya Wajerumani, milele, na kukana kuwa chini ya Sultan wa Zanzibar. Tarehe 27 Februari 1885 Kaizari Wilhelm wa Kwanza akaitia karatasi hizo nguvu ya dola. Sayyid Barghash alilalamika, na jibu lake likaja Agosti ya mwaka huo huo kwa manowari zilizotia nanga mbele ya mji wake. Akakubali.

Miongoni mwa waliotia alama ni Mangungo wa Msowero, tarehe 29 Novemba 1884. Jina lake halikufa. Kila mtoto wa skuli Tanzania hulijua, na kila unapozuka mgogoro wa mkataba wa madini au wa bandari, husikika mtu akisema kuwa nchi imerudi kwa Mangungo. Amekuwa mfano wa ujinga, mtu aliyeuza nchi kwa zawadi ndogondogo na kinywaji. Ni hukumu nyepesi mno. Peters hakuwa na jeshi mwaka ule; alikuwa na wapagazi, homa na hema. Mangungo angeweza kumfukuza, na yumkini angemfukuza kama angejua anachoombwa. Alichokijua yeye ni urafiki, udugu wa kuchanjiana na kulindana dhidi ya adui, mambo ambayo watu wa bara walikuwa wakifanyiana tangu zamani bila mmoja kummeza mwenziwe. Nguvu ya kukataa alikuwa nayo. Habari ya kitu cha kukikataa hakuwa nayo.

Watu husahau kwamba katika mkeka ule alikuwapo mtu wa tatu. Mangungo hakujua Kijerumani, na Peters, aliyekuwa na majuma matatu tu tangu afike, hakuweza kuizungumza lugha ya Msowero. Maneno yote yalipita katika kinywa cha mtu mwingine. Alisema nini? Neno la Kijerumani lenye maana ya kuhamisha mamlaka yote ya nchi alilitia katika neno gani la Kiswahili, na hilo nalo likageuzwa kuwa neno gani la Kisagara? Hapana karatasi iliyohifadhi jambo hilo, na hapana anayemlaumu mkalimani. Mjumbe hauawi.

Zilizofuata zinajulikana. Mwaka 1889 Abushiri bin Salim, baada ya kupigwa pwani, aliingia bara na kukiangamiza kituo cha Mpwapwa. Mjerumani mmoja akauawa, mwingine akakimbia. Hermann Wissmann akaja Oktoba ya mwaka huo na askari wake, wengi wao Wasudani, akajenga ngome, na Desemba Abushiri akanyongwa Pangani. Peters mwenyewe alipita Mpwapwa Juni 1890 akitoka Buganda, mkononi ana mkataba mwingine, wa Kabaka Mwanga, na hapo akakutana na Emin Pasha aliyekuwa akielekea bara. Siku chache baadaye, tarehe 1 Julai, Uingereza na Ujerumani zilibadilishana nchi mezani, na mkataba wa Mwanga ukawa karatasi ya kufungia sukari. Mwandika mikataba naye alionja alichowaonjesha wenziwe, ingawa yeye hakupoteza shamba wala kaburi la babu.

Miaka 56 baada ya Msowero mkeka ule ulitandikwa tena, mara hii mbele ya kamera. Filamu iitwayo *Carl Peters*, iliyoongozwa na Herbert Selpin, ilitoka Machi 1941, Ujerumani ikiwa vitani na ikiota kurudishiwa makoloni yake. Hans Albers, mmoja wa waigizaji waliopendwa kuliko wote nchini humo, alikuwa Peters: shujaa mwenye macho ya bluu, anayezuiwa na Waingereza kwa nje na wabunge na Mayahudi kwa ndani. Afrika yake ilijengwa Ulaya. Watu weusi waliohitajika kuijaza waliokotwa popote walipopatikana, wakiwamo mateka wa vita, Waafrika waliokamatwa wakiwa katika jeshi la Ufaransa. Na Ramasani, kiongozi wa safari ya Peters, mtu mwaminifu anayemwonyesha bwana njia, aliigizwa na mzaliwa wa Dar es Salaam.

Jina alilopewa na wazazi wake lilikuwa Mahjub bin Adam Mohamed. Alizaliwa Februari 1904. Baba yake alikuwa Msudani, askari mwenye cheo cha afendi katika jeshi la Wajerumani, kwa hiyo mtoto alikulia katika nyumba ambayo mshahara, chakula na heshima vilitoka mkono mmoja. Alijifunza Kijerumani akiwa mdogo kiasi cha kuajiriwa ukarani Lindi kabla hajabaleghe. Vita vilipofika mwaka 1914 aliingia jeshini pamoja na baba yake, yeye akiwa mwanafunzi wa kupeleka ishara. Alikuwa na miaka kumi. Oktoba 1917 alijeruhiwa katika mapigano ya Mahiwa, karibu na Lindi, akatekwa na Waingereza. Mtoto wa miaka 13, mwenye jeraha la risasi katika ugomvi wa Wazungu kwa Wazungu: hapo ndipo anapostahili kuanzia kila anayetaka kumhukumu.

Baada ya vita alifanya kazi ya utumishi melini, na mwaka 1929 akashuka Ujerumani na kwenda Berlin kwa shabaha moja. Alikwenda kudai mshahara wa vita, wake na wa baba yake, uliokuwa haujalipwa. Wizara ya Mambo ya Nje ilimjibu kwamba amechelewa. Hakurudi. Akawa mhudumu katika jumba kubwa la starehe, Haus Vaterland, akioa Januari 1933, siku tatu kabla Hitler hajashika serikali, mwanamke Mjerumani kutoka Sudeten. Jina alilolitumia huko ni Mohamed Husen. Mambo yaliyofuata yalikwenda kama maji ya kutelemka: pasi yake ya Kijerumani ikachukuliwa, akabaki na hati ya mgeni, mwaka 1935 akaachishwa kazi katika lile jumba, mke na watoto wakawa watu wa kutazamwa.

Sinema ndiyo iliyomfungulia mlango, nao ulikuwa mwembamba. Mwaka 1934 Selpin huyo huyo alitengeneza *Die Reiter von Deutsch-Ostafrika*, hadithi ya walowezi wa Kijerumani katika vita vya 1914, na Husen akapewa sehemu ya mwanafunzi wa kupeleka ishara. Yaani alilipwa kuigiza utoto wake mwenyewe, yeye ambaye hakulipwa kwa kuuishi. Katika filamu hiyo alikuwapo pia Louis Brody, mwana wa Duala, Kamerun, aliyemzidi umri na uzoefu. Kuanzia hapo hadi 1941 Husen alionekana katika filamu zaidi ya 20, aghalabu kwa dakika chache tu: mtumishi anayebeba sinia, mpagazi, askari, mtu wa bandarini. Katika *La Habanera* ya 1937, ambayo nyota wake ni Zarah Leander, anapita tu. Jina lake mara nyingi halikuandikwa. Sehemu ya Ramasani ilikuwa kubwa kuliko zote, na ilikuwa ya mwisho.

Mtaka cha mvunguni sharti ainame, na haifai mtu aliyeshiba amcheke aliyeinama. Utetezi wa kwanza wa Husen, basi, ni mkate, na ni utetezi wa haki. Katika Berlin ya miaka ile mtu mweusi hakuwa na mahali pengi pa kusimama. Chini ya taa za studio alilipwa, na kwa muda wa siku za kupiga picha kuwapo kwake kulikuwa na maana kwa wakubwa. Walakini mkate hauwezi kujibu kila swali. Mwizi mwenye njaa husamehewa kwa sababu ya njaa, lakini hapana anayesema hakuiba.

Utetezi wa pili una uzito zaidi, nao ni wa sanaa. Mwigizaji hasemi uongo, kwa kuwa hasemi lake. Jambo hili wapenzi wa ushairi hawahitaji kufundishwa. Katika miji ya pwani mtu akitaka kumrushia mwenziwe maneno, haimlazimu kufungua kinywa. Huenda kwenye hadhara ya taarabu, akaisubiri beti imfaayo, kisha akainuka kwenda kutunza, fedha mkononi, shingo ikimgeukia aliyekusudiwa. Mwimbaji ameimba, mtunzi alitunga, pengine kwa masaibu yake mwenyewe ya miaka mingi nyuma, lakini hapana ukumbini asiyejua mpasho wa usiku ule ni wa nani. Kadhalika mghani anayesoma utenzi wa mtu aliyekufa zamani, akafika mahali pa laana, hulaani kwa sauti kamili, na hapana anayemwambia akatubu. Sauti imeazimwa, na kila msikilizaji anajua kuwa imeazimwa. Mapatano hayo baina ya msemaji na wasikilizaji ndiyo yanayomtakasa.

Filamu ya 1941 haikuwa na mapatano hayo. Mtazamaji wa Berlin alijua kuwa Hans Albers ni Hans Albers. Alikwisha mwona akiwa baharia, mcheza kamari na mpelelezi. Huyo alikuwa mwigizaji. Lakini alipomtazama mtu mweusi akiwa pembeni ya Peters, akimwongoza kwa hiari, akimtazama kwa mapenzi, hakudhani anaona uigizaji. Alidhani anaona Afrika. Kijiji kilikuwa cha ubao na rangi, mikataba ilikuwa ya mchezo, lakini uso ulikuwa wa kweli, na ukweli wa uso ukaupa uongo wote uliobaki mahali pa kuegemea. Husen alikodiwa kama mwigizaji na kutumiwa kama shahidi. Tofauti ya watu hawa wawili ni kubwa. Mwigizaji huulizwa kama amecheza vizuri. Shahidi huulizwa kama alichokisema ni kweli, na ushahidi wa uongo ni katika madhambi ambayo hata watu wasioafikiana kwa dini huafikiana kwamba ni makubwa.

Na uongo wenyewe haukuwa mdogo. Peters wa kweli aliitwa na Waafrika Mkono wa Damu. Alipokuwa mwakilishi wa serikali ya Kijerumani sehemu za Kilimanjaro, alimnyonga mtumishi wake Mabruk mwaka 1891, na miezi michache baadaye msichana aitwaye Jagodja, aliyekuwa akiishi naye kama suria na ambaye alitoroka. Habari zilipofika Berlin zilileta kishindo bungeni, na mwaka 1897 mahakama ya nidhamu ya Wajerumani wenyewe ikamfukuza utumishini. Alikufa 1918 akiwa mtu aliyefifia. Hitler ndiye aliyemsafisha mwaka 1937, na filamu ikaja kumpigia zumari. Mabruk na Jagodja hawahitaji kutafutwa katika nyaraka za siri. Majina yao yalisomwa bungeni. Ni vigumu kudhani kuwa mwana wa afendi, aliyezaliwa Dar es Salaam miaka saba tu baada ya Peters kufukuzwa, hakupata kulisikia lile jina la utani.

Hapa ndipo Husen anapomwelekea Mangungo na wawili hao wakawa kama kinyago na kioo. Mangungo aliweza kukataa na hakujua. Husen alijua na hakuweza kukataa, au alikataa angepoteza kila kitu kwa faida isiyoonekana, kwani Ramasani angepatikana mwingine kesho yake. Lawama, kama neno hilo lina maana yoyote, huhitaji vyote viwili, kujua na kuweza, na aliyekuwa navyo vyote Msowero ni Peters, na aliyekuwa navyo vyote studio ni yule aliyeiagiza filamu. Hata Selpin hakuwa huru kama alivyojiona: mwaka uliofuata, 1942, kwa kutamka maneno ya hasira dhidi ya jeshi alipokuwa akitengeneza filamu nyingine, alikamatwa, na Agosti akakutwa amekufa chumbani gerezani.

Lakini kumwachia Husen hapo, katika huruma tupu, ni kumdhulumu kwa njia nyingine. Huruma ya namna hiyo humfanya mtu kuwa jani linalopeperushwa. Yeye alikuwa na nia, na nia yake ndiyo sehemu ngumu ya kisa. Tangu miaka ya mwanzo ya 1930 alikuwa msaidizi wa lugha katika Chuo Kikuu cha Berlin, chini ya Profesa Diedrich Westermann, akifundisha Kiswahili. Baadhi ya waliojifunza walikuwa wanazuoni; wengine walikuwa maofisa na watu wa usalama waliokuwa wakiandaliwa kurudi Afrika ya Mashariki siku ya kurejeshwa makoloni. Kila mmoja wa wanafunzi hao wa kundi la pili, lau vita vingekwenda walivyotaka, angefika siku moja Dodoma, au Kilosa, au Mpwapwa, na kutoa amri kwa Kiswahili safi cha Dar es Salaam. Kazi hiyo haikuwa ya kubeba sinia. Ilikuwa kazi ya mkalimani wa Msowero, na safari hii mkalimani alijua barua imeandikwa nini.

Kwa nini aliifanya? Jibu la mkate linafika nusu ya njia. Mwaka 1934 Husen aliomba nishani ya heshima waliyopewa Wajerumani waliopigana mstari wa mbele. Alikataliwa. Akanunua nishani dukani, akajipachika kifuani. Mwaka 1939 vita vilipoanza, aliomba kuingia jeshini, jeshi lile lile la dola iliyompokonya pasi, akakataliwa tena. Mwenye kuigiza kwa ajili ya fedha tu huvua nguo za mchezo taa zikizimwa. Yeye alitoka nazo barabarani. Aliiamini sehemu yake. Alitaka mtu mmoja, walau karani mmoja dirishani, amwambie kwamba mtoto wa Mahiwa alikuwa askari wa kweli na kwamba deni lake linatambuliwa.

Kuna kisa kinachosimuliwa kuhusu mwaka 1964, Ujerumani ya Magharibi ilipoamua kuwalipa askari wazee waliobaki Tanganyika. Mlipaji, inasemwa, alifika Mwanza, wakamjia wazee kwa mamia, lakini wenye hati walikuwa wachache. Basi kila asiye na hati akapewa ufagio na kuamrishwa kwa Kijerumani: bega silaha, teremsha silaha. Na hapana aliyekosea. Kisa hicho husimuliwa kwa kicheko, na kwa kweli kinachekesha, mpaka msikilizaji atakapojiuliza ni malipo gani hayo ambayo mzee wa miaka 70 lazima acheze mchezo wa kijana ndipo aaminiwe kuwa aliumia. Husen alikuwa ameshika ufagio huo miaka 30 kabla yao, mbele ya kamera, nyumba ikijaa watazamaji, na mwenye mkoba hakuja.

Hukumu ya haki, kwa hiyo, haina budi kuwa na vipimo viwili. Kwa upande wa mkate na hofu, ana udhuru, na udhuru huo ni mpana. Kwa upande wa uaminifu, alikosea, na kosa lenyewe si dogo: aliuchukua uaminifu, ambao ni sifa njema, akauweka kwa mtu asiyestahiki kuwekewa amana, kisha akawasaidia wengine kujiandaa kudai uaminifu kama huo kwa nguvu kutoka kwa jamaa zake waliobaki nyumbani. Waliotaka sura ya askari mwaminifu hawakumtaka askari. Picha ilipendwa, ikatukuzwa, ikaonyeshwa miji yote. Mwenye picha alipokaa mezani na watu wengine alikuwa uchafu. Si rahisi kuamini kuwa hakuliona jambo hilo. Huenda aliliona, na akafikiri kwamba akizidisha uaminifu watalionea haya. Mapenzi ya upande mmoja yametungiwa mashairi mengi katika upwa huu, na washairi wamekuwa wakimsikitikia mpenzi huyo bila kumwita mwenye busara.

Ukaidi wake ulijitokeza mahali pengine. Mwaka 1941, filamu ikiwa tayari, aliacha kazi ya chuo kikuu, ambayo malipo yake yalikuwa duni na ambayo heshima yake ilikuwa ndogo kuliko malipo. Na katika siku za kupiga picha za *Carl Peters*, alipokuwa akivaa mavazi ya Ramasani mtiifu, alikuwa na uhusiano na mwanamke Mjerumani asiyekuwa mkewe. Ni jambo ambalo mkewe alikuwa na haki ya kulishtakia, na ambalo maadili ya Dar es Salaam na ya Berlin yote yangelilaumu. Lakini dola haikulitazama hivyo. Iliona mtu mweusi na mwanamke mweupe, ikaita jambo hilo kuichafua mbari. Agosti 1941, miezi mitano baada ya filamu kutoka, Gestapo ilimkamata. Hakufikishwa mahakamani. Alipelekwa katika kambi ya Sachsenhausen, kaskazini ya Berlin, na huko akafa tarehe 24 Novemba 1944, akiwa na miaka 40. Wakati akifa, uso wake ulikuwa ungali katika mikanda ya filamu, ukimwongoza Peters.

Kwa muda mrefu habari zake hazikujulikana sana, mpaka mwanazuoni wa Kijerumani Marianne Bechhaus-Gerst alipozikusanya na kuzichapisha katika kitabu mwaka 2007. Mwaka huo huo jiwe dogo la shaba lenye jina lake liliwekwa njiani mbele ya nyumba aliyokaa, Brunnenstraße 193. Mwaka 2013 Eva Knopf akatengeneza filamu ya kweli juu yake, *Majubs Reise*, akizipanga vipande vile vifupi vya sekunde na dakika, hata yule mbeba sinia aliyekuwa akipita nyuma ya wakubwa akawa katikati. Msowero, upande wa pili, Mangungo bado anadhihakiwa, na mkalimani wake bado hana jina.

Ama *Carl Peters* yenyewe, haikuchomwa. Ni moja katika filamu za zama za Hitler ambazo Ujerumani hairuhusu zionyeshwe ovyo. Anayetaka kuitazama hadharani hana budi kufika mahali ambapo mtaalamu husimama kwanza mbele ya watazamaji na kuwaeleza watakachokiona, ni nani aliyekitengeneza na kwa nini, na baada ya taa kuwashwa watu hukaa kuulizana. Ndipo Ramasani huruhusiwa kutokea, kati ya maelezo ya mwanzo na maelezo ya mwisho, akionyesha njia kwa mkono.